Miezi Niliyokula na Ukuta

Mlango wa nyumba yangu ya kwanza niliubeba kichwani kutoka Bukima mpaka Butiama. Nikisimulia hivyo vijana wanacheka, wanauliza kwani magari hayakuwepo. Yalikuwepo, machache, na dereva niliyemkuta alisema mlango hauwezi kulala juu ya vichwa vya watu. Basi nikasokota kata ya majani makavu, nikauinua, nikaondoka. Ulikuwa mlango wa mninga, mzito, wa mvuvi mmoja aliyevunja nyumba yake akahamia kisiwani. Nilikuwa na miaka ishirini na kitu, nimeshaposa, na nilishamwambia baba mkwe kwamba binti yake hatalala kwenye nyumba ya kuziba kwa mkeka.

Mvua ikanipata katikati ya safari. Mvua ya huku haipigi hodi. Nikauegemeza mlango kwenye kichuguu, nikajikunyata chini yake kama kuku. Hapo nikasikia mtu ananiita kutoka boma moja pale juu, ananiambia wewe mwenye mlango njoo, chakula kinapoa. Nikaenda vilevile na matope yangu. Wanaume sita walikuwa wamezunguka ugali wa mtama na bakuli la mlenda. Hakuna aliyeniuliza jina wala kabila. Wakaninawisha. Mzee wa pale akakata tonge, akachovya, akatafuna, akameza, halafu akanitazama. Ndipo mikono yote ikaingia, na wangu humo. Jina langu waliliuliza wakati nanawa mara ya pili, nimeshiba.

Siku ile niliiona desturi yetu vizuri kwa sababu nilikuwa mgeni. Nyumbani kwako huoni desturi, unakula tu. Mkubwa ndiye anafungua chakula. Anameza kwanza yeye, ili kila aliyekaa pale ajue kwamba kama kuna baya limetiwa mle ndani, litaanza na yeye. Akishameza, wengine wanakula. Hata njaa iume namna gani, hugusi kabla yake.

Nasema haya kwa sababu nesi wa kliniki ameniomba niandike nilivyougua, maana kila wiki anakuja mtu mpya kwenye benchi anaogopa hata kuuliza. Mimi nilisoma mpaka darasa la tatu, mtanivumilia nikizunguka. Lakini ugonjwa wangu siwezi kuuanzia kwenye koo. Lazima nianzie kwenye sahani.

Baba yetu alipofariki, kufungua chakula kukaja kwangu. Mimi na mdogo wangu Mugeta tumejenga kwenye uwanja mmoja pale Butiama, nyumba yake inatazama yangu. Kwa miaka zaidi ya thelathini tumekula jioni sahani moja, sisi na wanaume wowote waliopo. Siku moja anapika mke wangu, Mama Wegesa, siku nyingine anapika Nyabweke, mke wa Mugeta. Nami sikuwa mlaji wa kubahatisha. Ujanani nilikuwaga mbebaji wa marobota ya pamba kwenye jineri moja Bunda, kiwanda cha kuchambulia pamba, na tulipokaa kula, wabebaji wanane, sufuria moja, waliniweka mimi upande wa mlangoni ili nisiwe karibu na nyama. Mpaka leo wapo wazee Bunda wakiniona wanasema huyu hapa, ficheni mboga. Nilikuwa najivunia. Bado najivunia.

Basi masika ya mwaka juzi, ugali ukaanza kusimama njiani. Unateremka mpaka hapa, chini kidogo ya pale kifua kinapoanzia, unakaa. Nikaulaumu muhogo kwamba haukukauka. Halafu nikamlaumu Mama Wegesa kwamba siku hizi anasonga ugali mgumu kama wa kujengea. Miaka arobaini na saba tumekaa naye, ugali wake haujawahi kunikosea, nami nikamsema mbele ya watu. Akanyamaza, kesho yake akasonga laini. Nao ukasimama. Nikawa nasukuma na maji, tonge, maji, tonge, maji. Baadaye na maji yakawa yanarudi.

Hapo ndipo nilipofanya ujinga, na ndio sababu kubwa ya kuandika. Sikumwambia mtu. Nilikuwa nafungua chakula kama kawaida, nakata tonge, natafuna, nalificha shavuni, natikisa kichwa kama nimemeza, wanaanza kula. Kisha nasimama, nasema naangalia ng'ombe, nakwenda nyuma ya zizi natema. Kuku walijua ugonjwa wangu kabla ya daktari. Wakiniona nasimama tu wananifuata.

Ikafika wakati wa kuvuna pamba. Jioni hiyo alikuwa amepika Nyabweke, ugali wa mtama na sato mkavu aliyeungwa kwa karanga. Harufu yake naikumbuka mpaka leo. Nikafungua, nikaficha, nikasimama, nikazunguka zizi, nikatema. Nilipogeuka, Mugeta yuko nyuma yangu. Alikuwa amenifuata kuniambia habari ya ndama. Akalitazama tonge pale chini, limetafunwa halikumezwa, akanitazama mimi.

"Kaka, mke wangu ameweka nini humo?"

Nikasema hakuna kitu.

"Kama hakuna kitu, rudi ukameze."

Sikuweza. Angalieni ukubwa wa jambo lile. Mimi ndiye wa kumeza kwanza ili wengine wajue chakula ni salama. Mfunguaji akitema nyuma ya zizi huku ameacha wenzake wanakula, amesema kitu gani? Amesema mpishi ni mchawi, na amesema hao wengine na wafe. Ningefungua mdomo tu, niseme Mugeta, koo limeziba, yangeishia palepale. Nikanyamaza. Mugeta akarudi, akainua ile sahani, akaibeba mpaka nyumbani kwake, akafunga mlango. Tangu jioni hiyo hakukanyaga kwangu. Nyabweke akaacha kunisalimia, na simlaumu.

Mtu ataniuliza kwa nini nilinyamaza. Nimejiuliza sana kwenye mabenchi. Jibu ni kwamba mwanamume asiyemeza hafungui, na mimi nikiwa sifungui sikujua ni nani. Ndivyo kiburi kilivyo. Kilinibebesha marobota, na hichohicho karibu kinizike.

Nikaendelea kukonda. Mkanda nikauongezea matundu kwa msumari, matatu. Shingo ikawa inazunguka ndani ya kola. Binti yangu Wegesa, anayekaa Musoma mtaa wa Kamunyonge, mshonaji wa nguo, akaja kwenye msiba wa jirani. Mshonaji haangalii uso, anaangalia nguo imekaaje. Alinitazama mabega mara moja, akamvuta mama yake pembeni, asubuhi yake nikawa Musoma nimekaa kwenye benchi la hospitali.

Benchi lina elimu yake. Unajua nani ni mgeni kwa jinsi anavyoshika karatasi, na mwenyeji amekuja na kanga ya kukalia. Mchana wenzako wanafungua chupa zao za chai, wewe umeambiwa usile kwa sababu ya kipimo, wanakukaribisha, maana huku mtu hawezi kula mbele yako bila kukukaribisha. Unakataa mara ya kwanza, ya pili, ya tatu mnaanza kucheka wote. Daktari, kijana, akaniuliza ugali mara ya mwisho nilikula lini. Nikasema jana. Wegesa akanitazama. Nikasema wiki iliyopita. Akaendelea kunitazama. Nikasema wakati wa kuvuna pamba. Daktari akaandika hiyo ya tatu.

Wakateremsha mpira wenye kamera. Ni saratani ya njia ya chakula. Mambo yake ya ndani waulizeni wenye makoti meupe, mimi najua tu kwamba nafasi iliyobaki ilikuwa kama mrija wa soda. Wakanitoboa tumboni wakaweka mpira mwingine wa kunilishia, halafu nikapelekwa Mwanza kwenye mionzi na dawa za dripu.

Kula kwa mpira wa tumboni ni kula ambako siwezi kumwombea hata adui. Wegesa anachuja uji wa ulezi, anauvuta kwa bomba la sindano, anausukuma taratibu. Tumbo linajaa, ulimi hauna habari. Unashiba kama gunia linavyoshiba. Nikamwambia mwanangu, niwekee hata tone moja ulimini nijue umeweka sukari. Akaweka, akageuka ukutani, akalia. Mimi sikulia. Nilikuwa nasikilizia ulezi.

Mionzi ilikwenda wiki sita, na mvua za vuli zikaanza tukiwa kulekule. Wiki ya tatu koo likawa moto. Sauti ikaondoka, nikawa nasema kwa mikono. Nywele za kifua zikadondoka pale walipochora alama. Nilipojiona kwenye kioo cha bafuni nilimwamkia mtu yule, nikidhani ni mzee mwingine. Mahali tulipolala wagonjwa, mchana watu walikuwa wanaunganisha vyakula kwenye mkeka mmoja, mwenye wali, mwenye dagaa, mwenye ndizi, watu hawajuani. Mimi nilikuwa nachukua kigoda changu nakwenda nyuma ya tangi la maji.

Lakini kulikuwa na nesi mmoja wa pale, mama mnene mwenye maneno. Akanifuata huko nyuma ya tangi na kipande cha nyama ya kuchoma kwenye sahani na beseni. Akasema, "Mzee, tafuna upate utamu, halafu tema. Hapa hakuna anayekudai umeze." Nikatafuna nyama ile mpaka ikawa uzi. Kutema kulekule kulikonigombanisha na mdogo wangu, huku mtu ananishikia beseni na kuniambia vizuri sana, ongeza kingine. Siku hiyo nilijua nitapona. Sijui kwa nini, nilijua tu.

Mugeta hakuja Mwanza wala hakupiga simu. Mama Wegesa alipokuja kuniona, nikamuuliza kwa mikono nani anafungua chakula nyumbani. Akasema hakuna. Mugeta amekataa. Kila mwanamume anakula kwake na watoto wake, na uwanja jioni ni kuku tu. Alishamweleza Mugeta habari ya ugonjwa, Nyabweke naye alishasikia na moyo ukampoa. Ila Mugeta ana lake.

"Anasema kinywa kilichotema ndicho kije kiseme," akaniambia. "Baba Wegesa, si useme?"

Nikaonyesha koo langu, kwamba sina sauti. Akaniambia wakati wa kumsema yeye na ugali wake sauti ilikuwepo. Nilistahili.

Tulipomaliza Mwanza nikarudi Kamunyonge kwa Wegesa, ili niwe karibu na kliniki. Kidogo kidogo maji yakapita, uji ukapita, wakautoa mpira wa tumboni. Sasa pale kwa Wegesa maisha ni ya mjini. Chakula kinakaa kwenye hotipoti, anayerudi anajipakulia saa yake, anakula na simu mkononi. Nilifurahi, nikasema hapa hakuna wa kunitazama. Kumbe walinihurumia, wakaanza kukaa mezani wote kwa ajili yangu. Wakawa wananitazama koo. Nikimeza wanapumua, nikikohoa wanasimama. Bakuli moja la uji lilikuwa linanichukua saa nzima, na mara nyingine linarudi mbele ya mkwe wangu. Nikawaambia naenda kunyoosha miguu.

Miguu ikanipeleka kwenye mgahawa wa Mama Salma, mjane mmoja Mwislamu, mpishi hodari, aliyekuwa na kona nyuma ya pazia karibu na jiko. Nilikuwa nakwenda saa tisa alasiri, walaji wameondoka. Nakaa nimeupa uso ukuta, ukuta wa buluu mpaka nusu, juu mweupe. Nimeujua ule ukuta kuliko shamba langu. Mama Salma ananichujia supu ya sato, baadaye akaanza mtori, supu ya ndizi za kuponda. Ikirudi, anachukua beseni kama anachukua kikombe, hasemi kitu, anarudi na supu nyingine. Vijana mafundi wa kuchomelea walikuwa wakija wamechelewa wananikaribisha kupitia pazia: babu, karibu. Nawaambia asante, nimeshiba. Nilikula pale vuli ikaisha, kiangazi kikapita, mvua za masika zikaanza tena, bila kula na mtu hata siku moja.

Na hili niliseme, kwa ajili ya wale wa kwenye benchi. Daktari alikuwa ameniruhusu ugali, laini, kidogo kidogo. Nikasema sawa daktari. Nikaenda kwa Mama Salma nikaagiza mtori. Mwezi mzima. Nilikuwa naogopa ugali kuliko nilivyoogopa mionzi, kwa sababu mionzi ikishindwa ni mionzi imeshindwa, lakini ugali ukisimama ni mimi nimeshindwa. Msikae na woga huo peke yenu kama mimi. Utawatafuna kabla ninyi hamjala.

Alasiri moja pazia likasogezwa. Nikadhani ni Mama Salma. Ni Mugeta, amevaa viatu vyake vya kanisani, vina tope la Butiama. Wegesa ndiye aliyemwonyesha. Akasimama akinitazama mgongo, nami nikimtazama kwa kugeuza shingo, shingo ya kuku. Tulikuwa hatujasemeshana tangu zizini. Niliona macho yake yanapita kwenye mabega, kwenye mikono, yanarudi usoni. Hakusema pole.

"Kwa hiyo sisi umetuacha, unakula na ukuta."

Akavuta stuli, akakaa. Akamwita Mama Salma, akaagiza ugali, sahani moja, na samaki mwenye mchuzi mwingi. Mama Salma akanitazama mimi kama anauliza. Akaleta. Mugeta akanawa, akaninawisha na mimi, halafu akaweka mikono mapajani, akasubiri.

Mvuke ukawa unapanda. Hagusi. Samaki akaanza kupoa. Hagusi. Ametoka Butiama asubuhi, njaa naiona kwenye taya zake, na ni mtu mzima, babu wa watu.

Nikasema, na sauti yangu siku hizo ilikuwa kama mlango wenye kutu, "Mugeta, koo lilikuwa limeziba. Ugali wa mke wako haukuwa na kitu. Mimi ndiye nilikuwa na kitu."

Akasema, "Ulikubali Nyabweke aitwe mchawi, kuliko wewe uitwe mgonjwa."

"Nilikubali."

"Na kwake utasema?"

"Kwake nitasema uwanjani, wote wakiwepo."

Akaitikia kwa kichwa. "Haya. Fungua."

Nikamwambia sijala ugali tangu siku ile, na ukirudi utarudi mbele yake. Akasema beseni analiona. Nikamwambia nitachelewa. Akasema, "Kaka, nimesubiri tangu pamba. Nitashindwa kusubiri tonge?"

Nikakata. Lilikuwa dogo kama punje ya harage. Nikalichovya mpaka likalegea, nikaliweka mdomoni. Nikatafuna. Mafundi upande wa pili wa pazia walikuwa wanabishana habari za mpira, wakanyamaza, sijui walijuaje. Nikatafuna mpaka halikuwa tonge tena. Nikainamisha kidevu kama nilivyofundishwa kliniki, nikameza.

Likafika pale pake, pale chini ya koo. Likasimama.

Mugeta hakusogea. Nikavuta pumzi kwa pua. Nikahesabu kama tulivyofundishwa, taratibu, na nilipofika saba nikasikia linateleza, linashuka, linakwenda mpaka chini lilikokuwa linatakiwa kwenda. Nikafungua mdomo wazi kama mtoto, nikamwonyesha mdogo wangu ulimi, juu, chini, mashavu yote mawili. Hakuna kitu.

Akachungulia kweli, huyu mtu. Akaridhika. Ndipo akapeleka mkono kwenye sahani, akakata tonge la mtu mwenye njaa.

Tulikula mpaka Mama Salma akaanza kuosha masufuria. Mimi nilikula matonge kumi na moja. Yeye alikula yaliyobaki, na samaki, na kichwa cha samaki, na kila nilipokuwa natafuna alikuwa anapunguza mwendo, anaokota mwiba ambao haupo, ili tusiachane sana. Nimepewa heshima nyingi maishani, nimebebwa juu juu siku ya jineri tuliposhinda wenzetu wa zamu ya pili, lakini heshima kama ile ya mtu kuokota mwiba ambao haupo sijapewa tena. Na ugali niliumeza mwenyewe. Hilo niliandike kubwa. Niliumeza mwenyewe.

Tukanawa. Mama Salma akasema, "Kesho saa tisa, babu?" Nikamshika mkono wake wenye sabuni kwa mikono yangu miwili, nikautingisha. Nikachukua kofia yangu. Nikalisogeza pazia, nikapita katikati ya mafundi nikiwasalimia mmoja mmoja, nikatoka nje, Mugeta nyuma yangu. Sikurudi tena kwenye kona ile.